Kurasa Zilizogandana

Hakuwa na mke. Hakuwa na mchumba, wala picha ya mchumba, wala uongo wa maana wa kumpa mama yake, aliyeuliza habari za mchumba kila Jumapili kwa simu. Sauti alikuwa nayo, na kwaya ya kufundisha, na Biblia aliyopewa na mama siku ya kipaimara. Biblia nayo haikuwa tena na mgongo.

Ndiyo iliyompeleka Mwalimu, kama wanakwaya walivyomwita, kwenye ujia wa wapiga chapa, mashine zikinguruma na wanafunzi wakisukumana na tasnifu zao. Fundi wa kujalidi vitabu alikuwa mwanamume wa rika lake, aproni imekakamaa kwa gundi, vidole vikigusa karatasi kama vinavyomwamsha mtoto.

“Mgonjwa ana hali gani, daktari?” Mwalimu alitania.

“Mgongo umekwenda. Atalazwa siku tatu. Acha namba ya ndugu wa karibu.”

Siku tatu zilizaa simu sita. Ya kwanza ilihusu rangi ya jalada. Ya sita haikuhusu kitabu hata kidogo, na wote wawili walilijua hilo.

Siku ya nne Mwalimu alifika na shati jeupe lililopigwa pasi mara mbili. Fundi alikuwa ameifunua Biblia, kichwa amekiinamisha kwa udadisi.

“Hebu niambie, kaka. Ukurasa huu umeusoma mpaka wino umefifia. Lakini Zaburi zimegandana vilevile tangu kiwandani. Kwa nini huu tu?”

Ulikuwa ukurasa unaomhukumu mwanamume alalaye na mwanamume. Foleni ya wanafunzi nyuma yake ilirefusha shingo, au aliona imerefusha.

“Unanianika?” alinong’ona. Akaondoka, Biblia akaiacha.

Siku tisa hakupokea simu. Kwaya iliimba, yeye akapunga mikono tu. Lakini swali lilikataa kutoka. Kwa nini huo tu? Miaka ishirini alikuwa akimwendea Mungu kama mshtakiwa: anasimama mlangoni, anasomewa mashtaka, anarudi kwake bila kuketi.

Siku ya kumi akapokea.

“Nisamehe, mpenzi… yaani, ndugu mteja.”

“Umeniita nani?”

“Umesikia, usinichimbe. Sikukucheka. Biblia yangu imechakaa palepale. Nilipouona ukurasa wako nilijua siko peke yangu.”

Mwalimu alicheka, akalia, akavaa viatu.

Mchana huo waliketi nyuma ya mashine ya kukatia karatasi, wakizibandua Zaburi moja moja kwa kisu butu.

“Na Mungu akisema hapana?” Mwalimu aliuliza.

“Tumsikilize. Ila barua ya anayekupenda huisomi mstari mmoja ukaikunja.”

Mwalimu aliomba karatasi, akaandika:

*Mama, mchumba wa kike sina, wala sitakuwa naye. Nampenda fundi aliyeitengeneza Biblia yako. Mungu uliyenifundisha sijamwacha, na nadhani hajaniacha. Ndiyo kwanza naanza kumsoma. Kanisani huenda wakaninyang’anya kwaya. Wewe je? Tukija, utatupangia sahani ngapi?*

“Asipojibu, mpenzi?”

“Mama yangu? Kwa udadisi hata wewe humfikii.”

Fundi alipitisha brashi ya gundi kwenye bahasha, akaikandamiza kwa kidole gumba. Mwalimu akaipeleka posta mwenyewe, akaitumbukiza, akatega sikio mpaka akaisikia imetua.