Dawa Ndani ya Mashine ya Kapteni

Enyi wakazi wa Durban, kuanzia vilima vya Chatsworth hadi mchanga wa baharini, vueni kofia. Inayofuata ni hadithi ya mapenzi makuu, mapenzi mazito, mapenzi ambayo vizazi vijavyo vitayasoma vikiwa vimesimama wima. Yalianza mwaka 2011 kwenye stendi ya teksi ya Isipingo, mbele ya mama anayeuza miguu ya kuku, na maneno ya kwanza kabisa ambayo mwanamke alimwambia mwanamume yalikuwa haya:

“Unakanyaga waya yangu, ng'ombe wewe.”

Mnaweza kuvaa kofia zenu.

Aliyesema hivyo aliitwa Spès, Mrundi wa miaka ishirini na mmoja. Jinzi yake ilikuwa imechanika magotini, si kwa mtindo bali kwa uzee. Nywele kazifunga kwa mpira wa kufungia mboga, na kifuani kakumbatia boksi la kompyuta kama mtu aliyeokoa mtoto kwenye moto. Asubuhi alisoma chuoni. Jioni alisimamia ukumbi wa michezo ya kompyuta wa shangazi yake, Tantine Libérate, uliokuwa juu ya saluni moja huko Glenwood. Kompyuta aliyobeba ndiyo aliyoichezea yeye mwenyewe. Ilikuwa imekufa jana yake, na alikuwa anatafuta fundi.

Aliyekanyaga waya aliitwa Ezéchiel. Mkongomani, shati la waridi lililombana mbavu, suruali nyeupe katikati ya vumbi la stendi, na viatu vyenye ncha ndefu kiasi kwamba vilifika mahali kabla yake na kumsubiri. Pafyumu aliyojipaka ilikuwa imeishinda miguu ya kuku.

“Pardon, mademoiselle. Hiyo mashine iko na shida gani?”

“Shida yake ni wewe. Bado uko juu ya waya.”

Akautoa mguu, kwa madaha. “Mungu amekuleta. Mimi ni fundi. Natengeneza simu, kompyuta, na mioyo.”

Spès akamtazama kuanzia kichwani hadi ncha za viatu, safari ndefu. “Hiyo ya tatu unaitengeneza na bisibisi gani?”

“Ndogo sana, chérie. Haiumi.”

“Chérie ni mama yako. Duka liko wapi?”

Duka lilikuwa hatua chache tu, kibanda cha vioo chenye makava ya simu yaliyoning'inia kama nguo za watoto. Ezéchiel akabadilisha diski, akapangusa vumbi, akaongea bila kupumua. Spès alimdharau dakika zote hizo kwa bidii, na alipofika nyumbani akagundua kwamba amempa namba yake ya simu. Ya mashine, alijiambia. Endapo mashine itasumbua.

Hapa lazima nieleze ufalme wenyewe, ambao ulikuwa wa kusikitisha. Kompyuta zote za ukumbi ziliunganishwa kwa waya, na vijana waliketi safu mbili wakifyatuliana risasi ndani ya magofu yaliyochorwa. Warundi safu hii, Wakongomani safu ile. Vijana hao mchana waliuza simu, walisuka nywele, walilinda magari ya watu, na jioni walijiita majenerali. Hakuna jenerali kati yao aliyewahi kununua sabuni yake mwenyewe.

Walikuwa pia wezi. Kulikuwa na programu ndogo ambazo mtu alizibeba kwenye flashi na kuzipenyeza kwenye mashine kimyakimya. Moja ilikuonyesha adui nyuma ya ukuta. Nyingine ilivuta bunduki yako yenyewe hadi kwenye kichwa cha mtu. Ukumbini ziliitwa dawa, na sheria ya Spès kuhusu dawa ilikuwa moja: ukikamatwa, unapanda juu ya kiti na kuimba wimbo mmoja wa kwaya ya kanisa lenu, beti zote, mbele ya watu wote. Vénérand, mtoto wa shemasi, aliimba hadi akalia. Spès alimrekodi kwa simu, akawa anaitazama video hiyo kila alipokosa raha.

Yeye mwenyewe alikuwa mchezaji wa kawaida tu. Angewakatia simu wote wanaosema hivyo, lakini ndivyo ilivyokuwa. Kisha mashine ikarudi kutoka Isipingo, na ghafla akawa hatari. Risasi zake zilipata vichwa vya watu waliokuwa wakikimbia. Alipata waliokuwa wakiruka.

“Mkono wangu umefunguka,” aliwaambia Warundi wenzake. “Nyinyi endeleeni kuomba.”

Ezéchiel alianza kuja kila Jumamosi na sambusa kwenye mfuko wa karatasi. Aliketi nyuma ya kiti chake, miguu kaivuta ndani ili watu wasijikwae kwenye viatu.

“Umewamaliza, chérie! Hata aibu hawana, wanakufa tu!”

“Usinipigie kelele sikioni.”

“Napiga makofi na mdomo kwa sababu mikono iko na sambusa.”

Spès akacheka. Hilo ndilo lilikuwa kosa. Msichana mwenye dharau akishacheka mara moja, kazi imekwisha. Baada ya mwezi walikuwa wakitembea pamoja hadi kwenye robot ya barabara kubwa, ndivyo Durban wanavyoziita taa za magari, wakiisubiri iwe kijani, ikiwa kijani wakiiacha ipite, wakisubiri nyingine. Madereva waliwatazama kama wagonjwa, na sitawatetea.

Ndipo Warundi wakamchagua Spès awe kapteni wa fainali dhidi ya Wakongomani. Hakuna msichana aliyewahi kuwa kapteni, na Bertrand, aliyekitaka cheo hicho kuliko alivyotaka kuoga, alikubali kwa sababu tu hakuweza kumpiga. Spès alikitaka zaidi. Katika mji ule watu walimjua kama mpwa wa Libérate, mkimbizi, yule mwenye jinzi mbovu. Kapteni lilikuwa jina la kwanza alilojitafutia kwa mkono wake mwenyewe.

Akaamua fainali iwe safi. Akaandika programu yake. Kila mashine ikiwaka, ililinganishwa na nakala safi ya mchezo iliyokuwa kwenye kompyuta kubwa ya ukumbi. Kitu chochote kigeni kilizimwa hapohapo, na jina la mashine likatokea kwenye skrini ya ukutani, herufi nyekundu. Hakumwambia mtu, hata Ezéchiel.

Jumamosi iliyotangulia fainali, ukumbi ukiwa umejaa, akasimama mbele na kikoti cha kuazima.

“Kuanzia leo,” alitangaza, “katika ukumbi huu hakuna dawa. Mwenye mkono atacheza. Asiye na mkono ashuke saluni akasukwe.”

Akabonyeza. Jina la kwanza likatokea, mashine ya Vénérand, na watu wakapiga mluzi. La pili, mashine ya Mkongomani mmoja aitwaye Gustave, ambaye alianza kulia kwamba ameonewa kabla ya kusoma. Spès alikuwa anatabasamu kama hakimu aliyeshiba. La tatu likatokea.

MASHINE YA KAPTENI. DAWA YA KULENGA. IMEZIMWA.

“Programu yangu iko na bug,” akasema Spès.

“Basi cheza tuone hiyo bug,” akasema Bertrand, kwa upole mbaya kabisa.

Akaketi. Akacheza. Risasi yake ya kwanza ikapiga ukuta. Ya pili ikapiga dari. Zilizobaki zikaenda zote kwenye pipa la mafuta lililosimama peke yake uwanjani.

“Kapteni,” Bertrand akauliza, “hilo pipa ni la kabila gani?”

Ukumbi ukapasuka kwa kicheko. Spès hakusikia. Alikuwa anafikiri, na hakuhitaji kufikiri sana, kwa sababu ni mtu mmoja tu duniani aliyewahi kuifungua mashine ile. Akageuka. Ezéchiel alikuwa amesimama mlangoni na mfuko wa sambusa, akiviangalia viatu vyake kama ameviona leo.

“Kiti!” wakaanza kupiga kelele. “Kiti! Kiti!”

Alikuwa ameiandika sheria mwenyewe. Akapanda. Akaimba wimbo wa kwaya kwa Kirundi, beti zote, mikono kwenye mifuko ya kikoti cha watu, na kila beti ilipoisha alitazama mlangoni, akimpa mtu yule nafasi ya kusema neno moja. Neno halikuja. Aliposhuka, ukapteni ulikuwa wa Bertrand.

Wakakutana kwenye ngazi.

“Ni wewe.”

“Spès, nisikilize. Siku ile dukani ulisema wavulana wanakucheka. Mimi nikasema, bon, huyu msichana asichekwe tena. Nilitaka tu ufurahi.”

“Ulinipa ushindi kama pipi ya mtoto.”

“Mwanaume anamfungulia mwanamke mlango, ni heshima—”

“Mlango nauona ukifunguliwa. Huu nilikuwa naupita nikijisifu kwamba nimeuvunja!” Akashuka ngazi moja. “Na hilo ningelimeza. Lakini pale kwenye kiti? Ulikuwa na mdomo au ulikuwa na sambusa?”

“Niliogopa.”

“Ulimwogopa nani? Bertrand? Bertrand anaogopa kuku!” Akampita. “Ondoka hapa na viatu vyako vya mchawi.”

Jioni ileile simu ya Spès ikaita mlio mfupi. Ulikuwa ule ujumbe wa bure wa kuomba upigiwe: *Please call me*. Nimesema kwamba haya ni mapenzi makuu. Basi mwanamume huyo mkuu, akitaka kuomba msamaha, aliomba apigiwe.

Spès akamjibu kwa ujumbe uleule. Ezéchiel akamrudishia mwingine. Kwa siku kadhaa watu wawili wazima walitumiana maombi ya kupigiwa, na hakuna aliyempigia mwenzake.

“Hiyo simu inalia kama mbuzi,” akasema Tantine Libérate, ambaye kwake kompyuta ni televisheni isiyo na adabu na simu ni mtoto wake. “Ichinje au ijibu.”

“Ni mjinga mmoja, Tantine.”

“Mjinga mmoja hatumi mara nyingi hivyo. Mtakuwa wawili.”

Wiki ile nzima Spès alicheza bila dawa. Alishindwa na Vénérand. Alishindwa na mtu aliyekuwa anakula huku akicheza. Lakini risasi chache zilifika, moja moja, na hizo alizijua zilikotoka.

Siku ya Alhamisi simu ikaita kweli, mlio mrefu.

“Nimenunua airtime,” akasema Ezéchiel.

“Hongera. Waandishi wa habari wako njiani.”

“Spès, minaomba kitu kimoja. Jumamosi niache nipande kile kiti.”

“Wewe huwezi kuimba.”

“Najua. Hata kwaya ya kwetu walinipa kazi ya kubeba ngoma.”

Siku ya fainali alikuja na fulana ya kijivu na ndala. Watu hawakumtambua hadi alipopanda kitini. Akasema kwa sauti iliyosikika hadi saluni: yeye ndiye aliyeweka dawa kwenye mashine ya Spès, Spès hakujua, na yeye alikuwepo alipoadhibiwa akanyamaza kama mwoga. Kisha akaimba. Nimeishi bwenini miaka minne, nimesikia mabomba ya maji yakipasuka saa ya kuamka, lakini sijasikia kitu kama kile. Akaimba beti zote, na kiitikio alikirudia peke yake, kwa sababu hakuna aliyekuwa na nguvu ya kumwitikia.

Bertrand akamrudishia Spès ukapteni, akidai ulikuwa unamchosha. Ezéchiel akashuka, akasogea.

“Tumemaliza?” akanong'ona.

“Hatujaanza. Wewe Mkongomani, si ndiyo? Nenda safu ile. Keti mbele yangu.”

“Spès…”

“Ukiniachia risasi moja tu, moja, usinipigie tena. Hata ule ujumbe wa bure.”

Wakacheza. Ee wasomaji, mkono wa Spès ulishukiwa na neema! Akawalaza Wakongomani kama nyasi, akamlaza Ezéchiel wa mwisho, Warundi wakambeba juu juu. Ezéchiel akapiga goti kwenye waya za sakafuni, akatoa pete iliyowaka kuliko skrini zote, na Tantine Libérate akapiga vigelegele hadi wateja wa saluni wakatoka nje na povu kich

“Nilishinda?”

Amesimama nyuma yangu. Sijui tangu lini. Ana kikombe cha chai na anasoma juu ya bega langu, tabia ambayo bwenini kwetu ina adhabu.

“Kidogo tu, Ya Spès.” Ya ndivyo kwetu tunavyomwita dada mkubwa.

“Na pete?”

“Ni ya… ya kupendezesha.”

“Nani alikuambia nataka kushindishwa?” Haniangalii, anaiangalia karatasi. “Wewe pia? Mdogo wangu mwenyewe? Izime hiyo dawa. Sasa hivi, mbele yangu.”

Haya. Nakiri. Mimi ni mwizi kama wale, na nimekamatwa.

Hakushinda. Ezéchiel alimuua mara ya kwanza kabla hajatoka mlangoni, na akaendelea kumuua bila huruma hadi mimi niliyekuwa nikitazama nikataka kuizima stima. Wakongomani walichukua fainali. Hapakuwa na pete, na Tantine alikuwa sokoni. Lakini karibu na mwisho, Spès alimpata mara moja. Moja tu, kichwani, akiwa anaruka. Ezéchiel akapiga meza ngumi, akatukana kwa Kilingala, amekasirika kweli, mishipa ya shingo nje, wala hakukumbuka kuna mpenzi wake mbele yake. Spès akamsikia. Akacheka mpaka akaachia mausi, na alipokuwa bado anacheka yule bwana akamuua tena.

Waliteremka ngazi wakigombana kuhusu risasi ile, Ezéchiel akisema ni bahati, Ya Spès akisema ni mkono, na walipofika kwenye robot ilikuwa kijani, wakavuka, bado wakigombana, wameshikana mikono.