Moshi Uliokatwa

Jumanne, tarehe 14 Januari 2025, saa nne na dakika saba asubuhi, filamu isiyo na sauti ilitoa mlio wa njuga.

Buthaina alivua vipokea sauti masikioni. Havikuwa vimechomekwa popote. Kwenye kioo cha kompyuta, wanawake wanne, wachezaji wa jumba la mfalme wa Kambodia, waliopigwa picha miaka mia iliyopita, walikuwa wamepiga magoti mbele ya moshi wa ubani, viganja vimekutana.

"Wanaomba mvua hao?" Harub alicheka peke yake, kama kawaida. Ofisi ilikuwa yake, chumba kimoja mtaa wa Rusayl, Uarabuni, cha kuhamishia filamu kuukuu kwenye kompyuta, na hakuwahi kuitazama hata moja mpaka mwisho. "Kata hiyo."

"Wanawasalimu walimu wao waliokufa. Bila hivyo ngoma haianzi. Imeandikwa kwenye kasha."

"Bibie, chuo kikuu umeshamaliza. Watu wanataka ngoma, hawataki moshi. Kata!"

Akakata. Picha mia nne na kumi na mbili za moshi na magoti zikatoka.

Adhuhuri kidole cha shahada cha Buthaina kilianza kupinda kwa nyuma, kama vidole vya wale wachezaji wanapocheza. Kikafuata cha kati.

"Unajifunza ngoma?" Harub akauliza.

Buthaina alitoka nje kumpigia simu shangazi yake aliyekaa Mabela, Bi Mahfoudha, akamsimulia yote.

"Pepo hata kwetu Unguja hapandi bila ya kufukizwa, nawe umemzimia chetezo!" shangazi alinong'ona. "Nna khofu nawe, mwanangu. Mrejeshee moshi wake. Na wa kukata tena asiwe wewe."

Alirudi akazirejesha picha zote, akibonyeza kwa kidole gumba tu, na harufu ya ubani ikajaa chumba ambacho hakikuwa na kaa hata moja, na wale wanne wakainua vichwa, jambo ambalo kwenye filamu hawakulifanya, wakaitazama mikono yake, huku njuga zikizunguka nyuma ya kiti polepole, zikasimama, ndipo vidole vikanyooka, kimoja baada ya kingine.

"Umerudisha upuuzi?" Harub alisema akifunga ofisi. "Kesho nikiukuta, tafuta kazi."

Asubuhi yake, saa mbili kamili, Buthaina alimpisha kiti.

"Kata mwenyewe, bosi. Wewe ndiye fundi."

Harub akakata, akicheka. Buthaina akammiminia kahawa, akakisogeza kikombe karibu naye, kisha akasimama kumtazama atakavyokishika.