Nusu ya Pili ya Karatasi

Kwii. Kimya kidogo. Kisha kwii tena, ndefu kuliko ya kwanza.

Bibi Uzi alifumbua macho. Saa ya ukutani ilionyesha saa kumi na dakika arobaini alfajiri. Alidhani ni mkwe wake anahangaika na mlango wa kabati la vyombo. "Maskini mtoto wa watu, leo kaniwahi," alijisemea, akavuta shuka hadi shingoni.

Kosa hilo lilimuuma siku nzima. Fundi aliyeishi na kibanio chake cha vitabu miaka arobaini, akisikie kinalia halafu adhani ni kabati!

Saa kumi na mbili na robo aliingia chumba cha nyuma, mahali alipokuwa akishona na kujalidi vitabu. Kibanio kilikuwa juu ya meza: mbao mbili nene, na skrubu ndefu ya chuma ya kuzibana. Kila jioni alikuwa akikikaza mpaka mpini uelekee dirishani, basi. Leo mpini ulikuwa umepita dirisha umefika ukutani. Alijaribu kuufungua, haukusogea.

"Mkwe wangu! Njoo unisaidie."

Mkwe alikuja na mswaki mdomoni. Walishika wote wawili, wakavuta, skrubu ikalia: kwii.

"Kumbe ni wewe," Bibi Uzi alikiambia kibanio. "Mwanangu, alfajiri hukufungua kabati?"

"Mama, mimi nimeamka sasa hivi. Tazama, hata uso sijanawa."

Ndani ya kibanio kulikuwa na daftari la Mzee Dramu. Lilikuwa bado halijashonwa. Jana Bibi Uzi alikuwa amekata uzi wake wa zamani uliooza, akazibandua karatasi zilizogandana kwa unyevu, na akaandika namba kwa penseli kwenye pembe ya kila karatasi. Daftari la namna hiyo huundwa kwa mafungu. Kila fungu ni karatasi nne kubwa zilizokunjwa katikati na kuingizwa moja ndani ya nyingine. Alihesabu fungu la kwanza, la pili na la tatu. Zote zilikuwapo. Fungu la nne lilikuwa na karatasi tatu. Karatasi ya pili haikuwapo.

Alivuta kiti, akakaa.

"Usimwambie mtu hata mmoja ni ngapi zimepotea," alimwambia mkwe wake. "Hata ukibanwa."

Mzee Dramu alikuwa mpiga dramu wa Vijana wa Gereji, bendi ya muziki wa roki iliyoanzia kwenye gereji ya magari mabovu na kuishia kuigwa na kila kijana mwenye gita. Vitabu vitatu vilikuwa vimeandikwa kuhusu miaka yao ya mwanzo. Vyote vitatu vilisema kwamba wimbo wao mkubwa, "Chuma Hakilali", ulitungwa na Mwimbaji baada ya kusikia garimoshi likipita. Mzee Dramu alikuwa akicheka kwa uchungu. Mtunzi, alisema, ni marehemu mkewe, aliyekuwa akiwashonea mashati, na mdundo ule haukutoka kwenye garimoshi lolote bali kwenye pedali ya cherehani yake. Hakuna aliyemwamini mpaka daftari lake la mazoezi lilipopatikana chini ya sanduku. Sasa kitabu cha nne kilikuwa kinakwenda kiwandani kuchapwa siku hiyo, saa kumi jioni. Ukurasa wa wimbo ukionekana, jina la mke lingeingia. Usipoonekana, basi tena.

Na Mzee Dramu hakuwa na muda wa kusubiri kitabu cha tano. Moyo wake ulikuwa umechoka. "Nataka nimsome mke wangu kitabuni kabla sijamfuata," ndivyo alivyomwambia Bibi Uzi.

Marehemu naye alikuwa shoga yake. Watu waliwaita Uzi na Sindano. Sindano ilikwisha kwenda, uzi ukabaki.

Saa mbili asubuhi Mwandishi aligonga mlango wa mbele, kamera shingoni. Yeye ndiye aliyeandika vitabu vile vitatu, na hiki cha nne pia.

Bibi Uzi alimtazama usoni akamwambia maneno manne tu: "Daftari la Mzee limeguswa."

Mwandishi aliweka mkoba chini. "Wimbo upo?"

"Tazama mwenyewe."

Alipekua fungu la nne kwa ncha za vidole. "Mwezi wa tatu, tarehe tano... halafu tarehe tisa. Bibi! Tarehe sita ndiyo siku ambayo Mzee anasema mkewe aliimba wimbo mara ya kwanza. Umekwenda!"

"Alfajiri ulikuwa wapi, mjukuu wangu?"

"Nimelala. Unanishuku mimi?"

"Vitabu vitatu vimesema garimoshi. Cha nne kikisema cherehani, wa kuchekwa ni nani?"

Mwandishi alikuwa mwekundu wa macho. Aliinua mkoba akaumwaga wote mezani: kalamu, betri, soksi moja, na karatasi iliyokunjwa. Bibi Uzi aliidaka ile karatasi. Haikuwa ya daftari. Ilikuwa dibaji ya kitabu kipya, nayo ilianza hivi: *Mara tatu nimewadanganya wasomaji wangu, kwa kuwa sikumuuliza mwanamke yeyote.*

"Nisamehe, baba," alisema Bibi Uzi, akamkusanyia vitu vyake kimoja kimoja. "Soksi nyingine iko wapi?"

"Hata mimi naitafuta," alisema Mwandishi, na kwa mara ya kwanza asubuhi ile mtu alicheka.

Saa tatu na nusu akaja Mpwa wa Mwimbaji, viatu vinang'aa, manukato yametangulia. Jana alikuja kutaka kulinunua daftari, akafukuzwa kwa adabu.

"Daftari la Mzee limeguswa," alisema Bibi Uzi.

"Limeibwa lote?"

"Kwa nini unauliza hivyo?"

"Bi Mkubwa, tusizungushane. Mjomba wangu yu hoi kitandani, na wimbo ule ndio heshima yake. Ningelitaka, ningebeba daftari zima pamoja na meza. Alfajiri nilikuwa hospitali namgeuza ubavu. Muulize muuguzi wa zamu."

Bibi Uzi alipiga simu. Muuguzi alithibitisha: kijana alikuwapo toka saa tisa usiku hadi kulipokucha, tena ndiye aliyemwosha mgonjwa kwa mikono yake. Bibi Uzi aliliweka jambo hilo akilini. Kijana wa majivuno, lakini anaosha mgonjwa.

Saa nne kamili alipita Besi, mfuko wa dawa mkononi. Alikuwa mpiga gita la besi wa bendi ile na rafiki wa Mzee Dramu tangu ujana. Kila asubuhi alimpelekea dawa, akanywa chai kwake, akarudi. Alipita uani kama kawaida yake, akavuta kamba ya komeo iliyotokeza kwenye tundu la mlango. Jana yeye ndiye aliyemsaidia Bibi Uzi kuzipanga karatasi.

"Kaka, daftari la Mzee limeguswa."

Besi alitazama sakafu. "Usijitese, dada. Karatasi moja haizuii kitabu kuchapwa."

"Inshallah," alisema Bibi Uzi.

Alimsindikiza mpaka uani, akarudi, akakaa. Jibu lile lilimrudia, lakini akili ilikataa kulifuata. Besi? Huyu ndiye aliyebeba jeneza la Sindano upande wa kichwa. Ana haja gani ya kuuficha wimbo wake?

Saa sita ikapita. Saa saba ikapita. Mkwe alileta chakula; aliporudi alikikuta kimepoa bila kuguswa.

"Kikulacho ki nguoni mwako, Mama. Wapigie polisi."

"Polisi watampata mwizi. Mimi nataka karatasi."

Bibi Uzi alichukua karatasi nyeupe akaikunja katikati, mazoea ya mikono tu, akaichomeka ndani ya fungu pale penye pengo. Akaganda. Kisha akajipiga paji la uso.

Karatasi iliyokunjwa ina nusu mbili! Nusu ya kwanza hukaa mwanzoni mwa fungu, na nusu ya pili huangukia huko mwishoni. Ni somo la siku ya kwanza ya ufundi, naye alilisahau kwa sababu kila mtu alikuwa akilia wimbo, wimbo. Mwizi aliyetaka nusu moja ya karatasi isiyoshonwa, asipoichana, hana budi kuondoka na zote mbili.

Alifunua mwisho wa fungu. Mwezi wa saba nao ulikuwa umekatika. Kabla ya pengo Mzee Dramu aliandika: *Kesho Besi anapeleka fomu ya wimbo redioni. Tumejaza jina la mke wangu.* Baada ya pengo, wiki nzima mbele: *Mazoezi mazuri. Gita jipya la Besi lina sauti nzito kama mlango wa benki.*

Bibi Uzi alisoma mara mbili. Akavua miwani, akaifuta kwa kanga, ingawa haikuwa na vumbi.

Saa tisa alasiri wote, kwa mwito wa Bibi Uzi, walikuwa sebuleni kwa Mzee Dramu. Yeye alikuwa ameegemea mito karibu na dirisha, mkono wa kulia umelegea kwa kiharusi. Pembeni palikuwa na cherehani ya marehemu, imefunikwa kitambaa. Besi alikaa kwenye kiti chake cha siku zote, akigonga goti kwa vidole.

"Saa moja imebaki," alisema Mwandishi. "Kiwanda hakinisubiri."

"Basi nisikilizeni," alisema Bibi Uzi. "Aliyechukua karatasi yumo humu."

"Semeni tu ni mimi," alisema Mpwa.

"Si wewe, mwanangu. Wewe uliniuliza kama limeibwa lote. Mwandishi akaniuliza kama wimbo upo. Hakuna kati yenu aliyejua kilichokwenda. Tena mlango wa mbele ulikuwa umefungwa kwa ufunguo; aliyeingia alipita uani, kwa komeo la kamba, na nyinyi wawili hamjui hata kama nina uani." Alimeza mate. "Lakini yupo niliyemwambia maneno yale yale, akanijibu kwamba karatasi moja haizuii kitabu. Mimi sikumwambia ni moja."

Vidole vya Besi vilisimama juu ya goti.

"Na mkono uliokaza kile kibanio ulikuwa na nguvu ambazo mimi na mkwe wangu tulizishinda kwa shida. Mkono wa mtu aliyebana nyuzi nene maisha yake yote."

"Bibi Uzi," alisema Mzee Dramu taratibu, "unajua unamsema nani?"

"Najua. Mwizi wa kawaida angekiacha kibanio wazi akakimbia. Huyu alirudi kukifunga, karatasi zilizobaki zisijikunje. Ndipo nikajua ni mtu wetu." Akamgeukia Besi. "Hukuutaka wimbo, kaka. Uliitaka nusu ya pili. Mwezi wa saba."

Besi aliinama, akafungua kasha la gita lililokuwa miguuni pake. Chini ya gita, kwenye bahasha safi, ilikuwamo karatasi.

"Nilishika mkasi mara tatu," alisema. "Nikate nusu yangu, nirudishe yake. Kila nikitaka kukata, nasikia ile pedali. Nikashindwa."

"Nusu yako ina nini?" aliuliza Mwandishi.

"Fomu ilikuwa na jina la shemeji. Mwimbaji alinisubiri njiani. Akasema, badilisha jina, kesho una gita jipya. Nikabadilisha." Alifunika macho. "Nilimuuza shemeji yangu kwa nyuzi nne za gita."

Mpwa alisimama. "Mjomba alijua?"

"Gita lenyewe alilinunua yeye, mwanangu."

Mpwa alikaa tena polepole, kama mtu aliyezeeka ghafla.

"Jana napanga karatasi," Besi aliendelea, "nikauona mwandiko wa huyu Mzee. Alijua! Miaka yote hii alijua, na kila asubuhi ananimiminia chai. Ningekufa kwa aibu kabla hajafa yeye kwa moyo."

Wote walimgeukia Mzee Dramu. Alikuwa analia bila sauti, lakini uso wake haukuwa na hasira.

"Mwandishi," alisema, "soma hiyo nusu ya pili. Isome yote. Huyu mjinga inaonekana aliishia katikati."

Mwandishi aliipeleka karatasi kwenye mwanga. "*Leo nimejua kuhusu fomu. Nilitaka kwenda kumpiga Besi. Mke wangu amenizuia mlangoni. Amesema nisimuulize kamwe. Bila yeye hakuna bendi, na bila bendi nani atauimba? Amesema wimbo utatembea kwa miguu yake yeye hata ukivishwa viatu vya mwingine. Kisha akaketi kumshonea Besi shati jeupe, ili lifanane na gita jipya.*"

Besi alitoa sauti ambayo Bibi Uzi hakuwahi kuisikia kwa mwanamume.

"Lile shati," alisema. "Ninalo mpaka leo."

Ilikuwa saa kumi kasoro dakika ishirini. Mwandishi alielekeza kamera, akasita. "Wimbo uko nusu ya kwanza. Hiyo ndiyo ninayoihitaji. Nyingine si lazima."

Mzee Dramu alimtazama Besi.

Besi alifuta uso kwa kiganja. "Piga zote mbili," alisema.

Kamera ililia mara mbili. Mwandishi akatoka mbio, Mpwa nyuma yake akimwita: "Panda gari langu, utachelewa!" Bibi Uzi aliikunja ile karatasi kwenye mkunjo wake wa zamani, akaiweka kifuani. Usiku huu angeishona kwa uzi wa maradufu.

Besi alifunga kasha lake akaenda mlangoni, mabega chini.

"Wewe," aliita Mzee Dramu. "Dawa yangu ya kesho ataleta nani?"

Besi alisimama, mgongo kwao. "Bado unataka nije?"

"Chai yangu hainyweki peke yake." Alinyoosha mkono wake mzima, akavuta kitambaa juu ya cherehani, pedali ikaonekana. "Njoo kesho, tena mapema. Njoo na gita, Bibi Uzi atatukanyagia mdundo."