Dakika Nne za Kidoti

Kila asubuhi kabla ya shule, Kidoti alimpelekea shangazi yake chai chumbani. Shangazi alikuwa mwanahesabu. Alikuwa ameandika vitabu viwili vinene: kimoja cha kugawa kidogo kilichopo mpaka kitoshe, kingine cha kuchagua njia bora kati ya maelfu. Mtaani walimcheka, hadi mwokaji mikate alipomwomba msaada.

Mwokaji alikuwa na mikokoteni miwili ya kupeleka mikate madukani. Mmoja ulisukumwa na baba yake Kidoti, mwingine na jitu moja lililoitwa Nyundo. Kichochoro cha kwenda kwenye tanuri kilipitisha mkokoteni mmoja tu. Walipokutana humo, hakuna aliyekubali kurudi nyuma, na ngumi zikazungumza. Baba alishapoteza jino, na sikio la Nyundo lilishavimba kama kiazi.

Shangazi alimpa Kidoti saa na daftari. "Fuata mikokoteni, mwanangu. Andika dakika za kwenda na kurudi kila duka. Usikisie hata moja."

Kidoti alipima maduka sita. La saba lilikuwa kilimani, jua lilikuwa kali, na wenzake walikuwa wanaruka kamba. Akaandika: dakika nne. Nani angejua?

Shangazi akapiga hesabu zake, akapanga zamu za kupita kichochoroni. Jumatatu, baba alikuwa anarudi kutoka kilimani, amechelewa. Nyundo alikuwa anatoka na mikate. Wakakutana katikati ya kichochoro.

"Rudi! Zamu yangu imeandikwa!" Nyundo alifoka.

"Rudi wewe! Yangu pia imeandikwa!"

Nyundo alichomoa chuma cha mkokoteni akampiga baba mkononi. Mfupa ukalia. Baba akamrukia kwa kichwa, akampasua mdomo. Mikate ikamwagika, ikalowa damu. Nyundo akampiga tena mpaka baba akaanguka, kisha akakimbilia kwa shangazi.

"Vitabu vyako vimetugonganisha!" Alikipasua kimoja vipande viwili, akamkaba shangazi koo, akamgandamiza ukutani.

Kidoti alisimama mlangoni na daftari lake. Macho yalikuwa yamemtoka shangazi.

"Mwache! Ni mimi!" alipiga kelele. "Kilimani sikufika! Nilikisia!"

Mkono wa Nyundo ukalegea. Akautazama, kisha akamtazama mtoto, akaketi sakafuni akalia kwa aibu.

Kesho yake Kidoti alipanda kilima na saa yake. Nyundo alisukuma mkokoteni wa baba, kwa sababu mkono wa baba ulikuwa umefungwa. Zilikuwa dakika kumi na moja. Zamu zikapangwa upya, na hawakukutana tena kichochoroni.

"Shangazi, hesabu yako ilikosea?" Kidoti aliuliza, akimsaidia kubandika kurasa za kitabu kilichopasuliwa.

"Haikukosea. Hesabu ni kama tanuri, mwanangu. Ukitia unga wenye mchanga, utatoa mkate wenye mchanga." Sauti yake ilikuwa bado ya kukwaruza. "Kusema kweli kwako kumeniokoa, ahsante. Lakini ungeisema siku ileile uliyokisia, baba yako angekuwa anakunywa chai kwa mkono wake."