Kipa wa Mwaka wa Sabini na Saba

Siku ya Ijumaa asubuhi, soko la mbuzi la mji wa Nizwa, Uarabuni, linapofurika, mtu mwenye akili zake haingii katikati ya duara la wauzaji akiwa amekumbatia rundo la karatasi. Shihab aliingia. Alivaa kanzu nyeupe iliyonyooshwa vyema kwa pasi na kofia iliyodariziwa kwa uzi wa buluu, na alikuwa akimtafuta mzee mmoja aliyemwahidi picha ya zamani. Beberu mwekundu aliyekuwa akizungushwa mbele ya wanunuzi akamponyoka muuzaji wake, akapita ubavuni mwa Shihab, akachomoa ukurasa mmoja na kuanza kuutafuna.

"Lahaula! Mbuzi mwanakwenda we!" alipiga kelele.

Nyuma yake mwanamke alicheka. "Usimtukane, kaka. Umemletea chamshakinywa mwenyewe."

Aliyecheka alikuwa Alyaa, mfamasia wa hapo hapo Nizwa, mwenye umri wa miaka ishirini na saba. Buibui lake lilitiwa ukanda mwembamba wa kijani mikononi, na mkononi alishika halwa iliyokuwa bado ya moto, harufu yake ya zafarani ikishindana na harufu ya mbuzi. Aliinama, akaokota karatasi mbili zilizoanguka, akazisoma bila ya kuomba ruhusa.

"Unasema Kiswahili?" aliuliza Shihab.

"Nasema. Tena cha mjini Unguja, si hicho chenu cha Pemba."

"Umejuaje kuwa sisi watu wa Pemba?"

"Umemtukana mbuzi kama unayemwimbia. Historia ya nini hii?"

"Ya klabu yetu ya mpira, As-Sidra, ya mji wa Samad Ash Shan. Mwaka huu imetimiza miaka hamsini, na mimi ndiye katibu wake."

"Imeshachukua kikombe?"

"Bado."

"Miaka hamsini?"

"Tulifika fainali mara moja."

"Basi mbuzi hakukosea," alisema Alyaa, akimrudishia karatasi. "Historia yote inaenea katika ukurasa mmoja."

Shihab alicheka mpaka akamsahau mzee wa picha. Walipoagana alikuwa amepata nambari ya simu, kwa kisingizio kwamba sehemu ya kitabu iliyoandikwa kwa Kiswahili, kwa ajili ya wazee wa klabu waliorudi kutoka Afrika, ilihitaji kusahihishwa na mtu aliyelelewa na bibi mkali.

Na bibi huyo alikuwa mkali kweli. Bi Ghaniya alimlea Alyaa kwa Kiswahili kilichonyooka, na neno lililotamkwa ovyo mbele yake lilirudiwa mara tatu. Ndiyo maana kila jioni, baada ya sala ya magharibi, Shihab alipiga simu kutoka Samad, akasoma, na Alyaa akamkosoa.

"Roho yangu, umeandika sentensi ndefu kuliko uwanja wenyewe."

"Nikiifupisha, utakata simu mapema."

"Sikati. Soma sura ya fainali."

Sura hiyo ndiyo iliyopendwa na kila aliyeisikia. Ilieleza jinsi As-Sidra ilivyokwenda Sur mwaka wa elfu moja mia tisa sabini na saba kucheza na timu ya Aija, mtaa wa hapo hapo. Jinsi wachezaji walivyosafiri kutwa nzima nyuma ya gari la mizigo. Na jinsi kipa wao alivyoachia mpira mwepesi, uliokuja ukijikokota, ukapita katikati ya miguu yake. Samad yote ilimbandika kipa huyo jina la Mlango Wazi. Ilisemekana kwamba alihongwa. Watoto walimtungia wimbo, naye akauhama mji. Shihab alihadithiwa haya tangu utotoni. Jina halisi la mtu huyo alilisitiri, akajiona muungwana. Lakini jina la utani alilifanya kichwa cha sura, na wimbo wa watoto akaunukuu wote.

Alyaa alicheka usiku ule mpaka akatokwa na machozi. Alisahihisha vituo viwili, tena akapendekeza neno "kujikokota" badala ya neno dhaifu lililokuwapo. "Hapo sasa mpira unaonekana," alisema.

Kitabu kilipotoka, Shihab na mama yake walikwenda Nizwa kujitambulisha kwa wazee wa Alyaa, kabla ya posa yenyewe. Babu wa Alyaa, aliyejulikana mjini kote kwa jina la Abu Hazim, alikuwa amepoteza uwezo wa kuona. Alikaa juu ya zulia, fimbo magotini, kilemba chake kimefungwa sawasawa. Shihab akambusu mkono.

"Shikamoo, babu. Nimekuletea zawadi. Ni kitabu nilichokitunga."

"Marahaba, mwanangu. Mimi sioni. Nisomee unapopapenda zaidi."

Shihab alisoma sura ya fainali. Alisoma vizuri mno, akaigiza sauti ya mtangazaji, akauimba na wimbo wa watoto. Mama yake alicheka. Alyaa, aliyesimama mlangoni na sinia ya tende, naye alicheka, kisha akaona kuwa bibi yake ameiweka birika ya kahawa chini na hakumimina.

"Nani aliyekupa hadithi hii?" aliuliza mzee kwa upole.

"Babu yangu Khelef, na watu wote wa Samad."

"Khelef." Mzee aliligeuza jina hilo kinywani. "Hajambo?"

"Hajambo. Miguu tu."

"Msalimie."

Bi Ghaniya akasimama. "Kiswahili chako kizuri, kijana. Hukukosea hata neno moja, na kwa hivyo hatuwezi kusema kwamba hatukukufahamu. Wimbo huo niliusikia mlangoni pangu miaka mitatu, kila alasiri, nikiwa na mtoto wangu Hazim mapajani. Mume wangu huyu anaitwa Marzouq. Kipa ni yeye."

Hakuna aliyemimina kahawa siku hiyo. Shihab na mama yake walirudi garini, wakashika njia ya Samad.

Shihab alimpigia Alyaa simu siku nne, haikupokewa. Siku ya tano ikapokewa.

"Usiniombe msamaha mimi," alisema Alyaa. "Mimi nilikutafutia neno. 'Kujikokota.' Nimekaa naye chakula cha asubuhi miaka ishirini na saba, sikujua kama aliwahi kugusa mpira. Sasa nikimpa dawa zake naona haya hata kumwita babu."

"Nikiviteketeza vitabu vyote?"

"Utavifuta vichwani mwa watu kwa moto gani? Shihab, niache kwanza. Siwezi kuolewa katika nyumba inayomcheka babu yangu."

Jioni hiyo Shihab alimwendea babu yake. Mzee Khelef, mwasisi anayeheshimiwa kuliko wote katika As-Sidra, alikuwa akimwagilia mitende yake. Shihab alimweleza yote: nyumba, kipofu, wimbo, birika iliyowekwa chini. Khelef aliuachia mpira wa maji ukamwaga chini ovyo.

"Alisema nini Marzouq?"

"Alikusalimu tu."

"Hakusema jengine?"

"Hakusema."

Mzee akakaa juu ya ukingo wa mfereji, kanzu ikalowa, asijali. "Golini nilikuwa mimi," alisema.

Shihab alidhani hakusikia vyema.

"Nilikuwa nimetoka Pemba mwaka uliotangulia, sina pasi, sina karatasi yoyote, maombi yangu ya uraia yako mezani kwa watu. Marzouq alivunjika kidole siku mbili kabla ya safari. Kipa mwengine hatukuwa naye. Akasafiri nasi, akanipa kadi yake ya mchezaji. Sur hawakuzijua sura zetu, na watu wa Samad hawakwenda kutazama. Matokeo yalipobandikwa mlangoni mwa klabu, jina lilikuwa lake. Tuliapa sote kunyamaza, maana ingejulikana kuwa nimecheza kwa kadi ya mtu, mimi nisiye na karatasi, ningerudishwa nilikotoka."

"Na ulipopata uraia, babu?"

"Nilipata baada ya miaka mitano. Marzouq alikuwa ameshahama. Nikasema, mwaka ujao nitasema. Kisha nikafanywa mkuu wa klabu, nikapata watoto, nikapata nyinyi." Akaufunika uso kwa kiganja. "Nilikuhadithia uongo ule ukiwa na miaka sita, ukacheka. Ningerudi kukwambia kweli kwa njia gani?"

Shihab sasa alikuwa na neno la kumrejesha Alyaa kwake, nalo lilimchoma ulimi. Hakulitumia. Siri hiyo ilikuwa ya wazee wawili, na Marzouq, aliyekuwa na haki ya kuisema kwa miaka mingi, hakuisema. Alimpigia simu Alyaa, akasema maneno machache: "Babu yangu anaomba kuja kwenu. Si kwa ajili yangu."

Alyaa alimpasha bibi yake habari hiyo. "Bibi anauliza, anakuja na nini?"

"Mwambie anakuja mikono mitupu."

Walipokewa Alkhamisi, adhuhuri. Bi Ghaniya alitaka watu wa nyumba wote wawepo: Hazim, mwanawe, baba yake Alyaa, pamoja na mkewe, na Alyaa aliyekaa karibu ya pazia, shela limemshuka hadi kwenye nyusi. Kahawa ikapitishwa. Khelef alikiweka kikombe chake chini bila ya kukigusa, kama afanyavyo mgeni mwenye haja.

"Sisikii ukinywa, Khelef," alisema Marzouq.

"Sinywi mpaka nimesema."

"Usiseme. Niliapa, nikakaa nacho kiapo changu vizuri. Sina ninachokudai."

"Wewe uliapa kunilinda, na mimi nikajificha nyuma ya kiapo chako." Mzee Khelef akawageukia waliokaa, mmoja mmoja. "Hazim, mwanangu, baba yako hakucheza siku ile. Aliyefungwa ni mimi. Hakuhongwa mtu. Niliogopa tu, miguu ikaachana. Yeye alitukanwa, nami nikaitwa mwasisi. Ijumaa hii, baada ya sala, nitasimama klabuni niyaseme haya haya, na mjukuu wangu atayaandika kwa mkono wake."

Alyaa alikuwa ameuficha uso kwa ncha ya shela. Hazim aliangalia zulia.

"Ulichokosa si hicho," alisema Marzouq mwishowe. "Jina nilikupa mwenyewe. Lakini Samad na Nizwa ni mwendo wa saa moja na kitu, Khelef. Macho yangu yamekufa miaka minane iliyopita. Hukuja hata kunitazama."

Khelef alilia kama waliavyo wazee, bila ya sauti.

"Kunywa kahawa yako," alisema Marzouq. "Inapoa."

Khelef akanywa. Kikombe kiligonga meno yake, na kila mtu alikisikia.

Baadaye Shihab alitoka uani, hakuweza kukaa na watu. Alyaa akamfuata, akasimama mbali kidogo, kama inavyopasa.

"Ulijua tangu lini?" aliuliza.

"Tangu siku uliyoniambia nikuache."

"Na hukuniambia? Ungenipata siku ile ile."

"Ningekupata kwa kumuuza babu yangu. Nimeshamcheka babu yako, mmoja ananitosha."

Macho ya Alyaa yalikuwa mekundu. "Bado naona haya, Shihab. Nikikutazama nakumbuka kicheko changu."

"Na mimi nakumbuka sauti yangu."

"Hiyo sura mpya," alisema, "usiiandike peke yako. Niletee, tuiandike sote wawili, na babu akae atusikilize. Akiridhika na neno la mwisho, mlete mama yako pamoja na posa."

"Na asiporidhika?"

"Tutaandika tena," alisema Alyaa, akageuka kuingia ndani, maana bibi yake alikuwa akimwita akawatilie wazee kahawa nyengine.