Bunda la Vibali

Kila asubuhi Mama Pacha hutoa cherehani yake nje, mbele ya mlango, huku mumewe akipasha moto injini ya lori. Watu humwita mumewe Breki, kwa sababu hapendi mwendo wa kasi.

"Hata konokono humpigia honi," mkewe hutania.

Breki hubeba mchanga kutoka machimboni. Kila safari ina kibali chake: karatasi moja, tarehe moja, muhuri mmoja. Safari ikiisha, kibali hakina kazi tena. Lakini Breki hakutupa hata kimoja. Alivifunga vyote pamoja kwa mpira. Kipya alikichomeka popote mpira uliporuhusu.

"Vyote hivyo vya nini?" mkewe aliuliza.

"Ushahidi kwamba mimi si mwizi."

Jumanne moja alirudi nyumbani kwa miguu.

"Lori liko wapi, Baba Pacha?"

"Limekamatwa."

Kwenye kizuizi, mkaguzi alimwomba kibali. Breki alimpa bunda zima. Mkaguzi akasoma karatasi ya juu tu. Ilikuwa ya jana yake. Breki alipotaka kumtafutia ya siku ile, aliambiwa, "Utajieleza huko mbele." Lori likapelekwa yadi, bunda likiwa ndani, na geti likafungwa.

Huko mbele hakuitwa. Siku ya tisa ilikuja barua: lori limetaifishwa kwa kubeba mchanga bila kibali, na litauzwa kwa mnada baada ya siku kumi na nne.

Mama Pacha aliisoma mara mbili. Lori ndilo lililowalisha. Cherehani iliwapatia sabuni na chumvi tu.

"Kuna jamaa anamjua mkubwa wa yadi," alisema Breki. "Nikimpoza kidogo..."

"Umpoze, kwani ana homa? Vaa viatu. Twende kwa Bi Karani."

Bi Karani, jirani yao, alikuwa amefanya kazi mahakamani miaka thelathini. Alivaa miwani, akaisoma barua.

"Kabla ya hii, uliandikiwa kosa lako? Ukapewa siku za kujibu?"

"Hapana, mama."

"Uliitwa ukasikilizwa?"

"Hapana."

"Basi hapo ndipo pa kushika. Serikali ina haki ya kuzuia mchanga wa wizi. Mito yetu inabomoka, na sote tunaona. Lakini kulizuia lori ni jambo moja, na kulichukua kabisa ni jingine. Kabla ya kulichukua, wakueleze kosa, wakusikilize, kisha waamue na watoe sababu."

Breki aliinamisha kichwa. "Mimi nilisaini, mama. Nimeshajifunga."

"Ulisaini nini?"

"Sikusoma."

Mkewe alimgeukia. "Tairi unakagua mara tatu. Karatasi hata mara moja?"

Breki alitoa mfukoni hati ya ukamataji, imekunjwa mara nne. Bi Karani aliifuata kwa kidole, mstari kwa mstari.

"Umesaini kwamba orodha ya vitu ni sahihi. Hujakiri kosa. Sikilizeni: tairi la akiba moja, jeki moja, turubai moja, bunda la karatasi lenye mpira." Aliinua macho. "Mkaguzi mwenyewe ameandika kwamba bunda lipo. Je, nani amelifungua?"

Siku hiyohiyo waliandika barua fupi. Walitaja namba ya lori na tarehe. Waliomba mnada usimame, Breki asikilizwe, na bunda lifunguliwe mbele ya pande zote mbili.

"Ongeza kwamba mkaguzi ana roho mbaya," alisema Breki.

"Roho yake hatuna ushahidi nayo," alijibu Bi Karani. "Acha."

Walipeleka nakala mbili kwenye ofisi iliyotaifisha lori. Moja ilibaki ofisini. Nyingine walirudi nayo, ikiwa na muhuri wa kupokelewa.

Baada ya siku sita waliitwa. Mkuu wa ofisi alikaa katikati, mkaguzi kulia kwake. Bunda lililetwa. Mama Pacha aliutazama mpira ukivuliwa, vidole vyake vikiwa vimeshika pindo la gauni. Karatasi ya kwanza, ya pili, ya tatu, ya nne. Zote za zamani. Ya tano ilikuwa na tarehe ya siku ile, namba ya lori na muhuri wa machimbo.

Mkuu alimgeukia mkaguzi. "Ulisoma vingapi?"

"Kimoja, mkuu."

"Na wewe, dereva, ulimpa vingapi?"

"Vyote," alisema Breki kwa aibu.

Mkuu aliandika uamuzi na sababu zake. Kibali kilikuwepo. Mwenye lori hakusikilizwa. Lori lirudishwe.

Siku hizi vibali vya zamani hukaa nyumbani, ndani ya mkebe chini ya cherehani. Kwenye lori hubaki kimoja tu.

Juzi Breki alisimamishwa na mkaguzi yuleyule. Alimpa karatasi moja. Mkaguzi aliisoma, akaigeuza, kisha akauliza, "Una kingine cha kunionyesha kabla sijaandika?"

"Sina. Ni hicho tu."

"Pita."

Breki aliondoka taratibu. Gari la nyuma likampigia honi.