Akaunti ya Edina Haifungwi Kanisani

Mwaka ule wa 2007, asubuhi moja ya Alhamisi, Edina alikuwa akichambua kahawa kwenye kichanja cha kuanikia, huko Matiri. Kazi ilikuwa kutoa punje mbovu na kuacha nzuri. Mikono yake ilifanya kinyume. Nzuri zilirushwa chini, mbovu zikabaki zimetulia kama wageni rasmi.

"We Edina," mama yake, Walburga, alisema, "hata kuku angechambua vizuri kuliko wewe."

"Niache, mama. Jumapili imefika."

"Leo Alhamisi! Jumapili gani iliyofika?"

Ni kweli ilikuwa Alhamisi. Lakini moyo wa Edina ulikuwa umeshatangulia kanisani. Tangazo la ndoa yake na Vitalis lilikuwa limesomwa mara mbili. Lilibaki la tatu. Na kijana mmoja wa Songea, jina lake Egidi, alisema atakuja kulipinga.

Edina hakuwahi kumwona huyo Egidi. Alifungua akaunti ya kuchati kwenye kafe ya intaneti, Mbinga mjini, wakasalimiana mara mbili tatu, basi. Siku moja alikimbilia gari la Matiri, akaacha akaunti wazi kwenye kompyuta. Mtu akakaa kwenye kiti kilekile, akajifanya Edina. Akamwahidi Egidi ndoa.

Baba yake, mzee Protasi, alipoambiwa hakushtuka. Kwao kila jambo hutangazwa baada ya misa: mbuzi aliyepotea, mkutano wa shule, siku ya kupeleka kahawa. Alimwomba katekista, naye akatangaza kwa sauti nene: "Edina wa mzee Protasi amefunga akaunti yake ya kompyuta. Atakayeandikiwa asiamini."

Kanisa zima lilicheka. Mzee akarudi nyumbani kifua mbele. Kwake kazi ilikwisha.

Jumatano Egidi alipiga simu. "Jana umeniandikia nije Jumapili kulipinga tangazo. Nimeshashona suti."

"Si mimi!"

"Mbona jina lako, na picha yako?"

Simu ikakatika. Ndiyo maana kahawa ilichambuliwa vibaya.

Ijumaa, Edina na baba yake walikwenda kwenye kafe ile. Mwenyewe alikuwa Asia, mama mmoja mwenye duka la vitambaa mbele na kompyuta nne nyuma.

"Shikamoo, mzee. Karibuni."

"Marahaba, binti. Tumekuja kumzima Edina wa humo ndani. Kanisani tulishatangaza, lakini hasikii."

Asia alibana kicheko. "Mzee, kompyuta haiji misa. Akaunti hufungwa na mwenyewe, kwa mkono wake, ndani ya akaunti yenyewe."

"Basi niifunge sasa hivi!" Edina alidakia.

"Tulia, dada. Kwanza tumtoe aliyemo. Badilisha neno la siri. Liwe refu, na lisiwe jina la mchumba."

"Umejuaje nilitumia Vitalis?"

"Wachumba wote mna akili moja." Asia akageuzia uso wake ukutani. "Andika mwenyewe. Hata mimi usiniambie."

Kisha wakaangalia swali la siri, lile la kumsaidia mtu akisahau. Liliuliza: Ulisoma shule gani ya msingi?

"Hilo hata mimi najibu," mzee alisema. "Kijiji kizima kinajibu."

"Basi kijiji kizima kina ufunguo, mzee."

Edina alibadilisha jibu, akaweka jambo ambalo hata mama yake asingekisia. Akanakili daftarini anwani za watu anaowahitaji, maana akaunti ikifungwa kabisa hairudishi kitu. Asia akachapa zile ahadi za uongo kwenye karatasi. "Hizi tunza. Ukihitaji ushahidi, unao."

Mwisho Edina aliwaaga marafiki. Kwa Egidi aliandika kwa urefu: ahadi zile si zangu, akaunti niliiacha wazi, samahani. Wakasubiri. Dakika kumi zilikuwa kama kwaresima nzima.

Jibu likaja: "Nimeelewa. Yule mwingine hakuwahi kusema samahani. Suti nitaivaa Krismasi."

"Sasa funga," Asia alisema. Akamwonyesha ukurasa wa kufunga akaunti. Ukaomba neno la siri tena. Ukauliza, una hakika? Edina akabonyeza kwa nguvu mpaka meza ikatikisika.

"Imekufa?" mzee aliuliza.

"Bado, mzee. Hii husubiri siku tisini. Mtu akiingia hata mara moja, awe Edina mwenyewe, hata kuchungulia tu, ameifufua. Kila huduma ina siku zake, kwa hiyo someni kabla ya kubonyeza. Na ahadi alizokwisha kuwaandikia watu yule mwizi zinabaki kwao."

Mzee aliinamisha kichwa, akawaza. "Kumbe ni kama ngoro, yale mashimo yetu ya kulimia. Ukifukia majani shambani, huyafukui kila asubuhi kuona kama yameoza."

"Hapo hapo, mzee! Umenishinda mimi mwalimu."

Jumapili tangazo la tatu lilisomwa. Mtu akakohoa nyuma. Edina aliganda. Ilikuwa tu mzee Placidi na tumbaku yake. Ndoa ikafungwa.

Lakini zile siku tisini! Kila akifika mjini vidole vilimwasha. Je, yule mtu ameingia? Je, bado anaandika?

"Chungulia kidogo tu," Vitalis alimtania.

"Nyamaza, nisije nikakufunga wewe."

Siku ya tisini na tano aliingia kwa Asia. Asia alitumia akaunti yake mwenyewe, akatafuta jina la Edina. Kompyuta ikasema hakuna mtu kama huyo.

"Tafuta tena, dada Asia."

Akatafuta. Hakuna.

"Nirudie mara ya tatu?"

Edina aliitazama ile skrini kidogo. "Hapana, inatosha," alisema. "Vitalis ananisubiri nje na magunia."

Akatoka bila kugeuka.